Lango la Ndoo

Mimi udaku sikufundishwa, nimezaliwa nao. Marehemu mama alikuwa akisema kwamba hata tumboni nilikuwa nikisikiliza maneno ya majirani. Basi Barnabas, meneja wa Uwanja wa Kinuni, aliponipigia simu na kuniambia, "Rispah, tunataka wageni wazungushwe uwanjani hapa kama unavyowazungusha Ngome ya Yesu," sikumuuliza masharti wala malipo. Nilimuuliza funguo anazo nani.

Mnijue kidogo. Ni mzaliwa wa Buxton, hapa Mombasa. Baba alitoka bara kuja kufanya kazi ya reli, mimi nikakulia hapa, nikasomea hapa, na kwa miaka mingi nimekuwa nikiwaonyesha watalii mizinga na kuta za Wareno. Kiswahili changu najivunia. Mtu akinisahihisha neno hunipanda hasira mpaka masikioni.

Uwanja wa Kinuni uko Shimanzi, kati ya maghala na matangi ya mafuta, mahali ambapo huwezi kutarajia kuona hata jani. Zamani palikuwa na kinu cha mafuta ya nazi. Wenye kinu walikuwa na ua mpana wa saruji wa kuanikia mbata, na wafanyakazi wakitoka zamu walikuwa wakicheza mpira humo humo, miguu mitupu, wakizunguka marundo ya nazi kavu. Magoti yakichunika kila siku. Mwishowe wakubwa wa kinu wakaona haya, wakaivunja saruji na kumwaga udongo. Ndio mwanzo wa uwanja. Kinu kimekufa zamani, lakini mvua ikinyesha sana chumba cha kubadilishia nguo cha timu ngeni bado kinanuka nazi iliyovunda. Timu za bara zikisikia harufu ile husema wenyeji wamefanya uchawi. Nilipoambiwa hilo nilicheka peke yangu kama mwehu.

Nilikipenda kila kitu pale. Paa la jukwaa kuu limesimamishwa juu ya vipande vya reli kuukuu. Ukivigonga na ufunguo vinalia, kila kimoja na sauti yake. Uwanja wenyewe ulikuwa umeinama kuelekea upande wa Tudor, na manahodha wajanja walikuwa wakichagua kupanda mlima kipindi cha kwanza ili wateremke wenzao wakishachoka. Sasa wameusawazisha. Wametandika nyasi za plastiki, wameweka taa kwenye nguzo ndefu, viti vya rangi, chumba cha daktari, vyoo vya vigae vinavyong'aa hata unaona haya kuvitumia. Mazuri, sikatai. Lakini mimi macho yangu yalikwenda kwenye malango.

Lango la Reli, hilo linaeleweka, garimoshi lilikuwa likipita hapo. Lango la Kinu nalo linaeleweka. Lango la Wakubwa, haya. Na huko pembeni kabisa, nyuma, kuna mlango mwembamba wa chuma, na juu yake ukutani pameandikwa kwa rangi iliyofifia: LANGO LA NDOO. Pembeni ya maandishi pamechorwa ndoo, tena yenye mkono.

"Ndoo ya nini?" nikamuuliza Barnabas.

"Ya maji, nadhani. Ya wachezaji."

"Wachezaji wanatokea upande wa pili."

"Basi ya kutumbukizia tikiti. Rispah, hebu niache nifanye kazi."

Mtu akiniambia nimuache ndiyo kwanza nanogewa. Nikamwendea Karisa, mlinzi, ambaye babake pia aliwahi kulinda pale. Yeye hakusita. "Ni vyoo, dada. Zamani vyoo vilikuwa vya ndoo, na vilikuwa hapa hapa nyuma ya ukuta. Bawabu wa lango hili alikuwa Mwarabu mmoja, wakimwita Nasser Ndoo."

Salala! Nilifurahi kama niliyeokota dhahabu. Kisa cha vyoo hakuna mgeni asiyekipenda. Siku ya kufanya majaribio, wanafunzi wa chuo walipokuja kutembezwa, nilikiweka mwisho kabisa. Nikakipamba, nikaziba pua, nikatembea kama mtu aliyebeba ndoo iliyojaa. Walicheka mpaka wakashikana mabega.

Kesho yake asubuhi akaja mzee mmoja aliyevaa kanzu safi na kofia ya kiua, mkono mmoja umeshika fimbo asiyoihitaji. Akanisalimia vizuri sana. Sabalkheri. Hujambo. Watu nyumbani hawajambo? Kazi yaendeleaje? Nikamjibu yote, nikaona huyu ni mtu wa adabu. Kisha akasema, kwa sauti ile ile ya salamu, "Mimi ni Awadh bin Nasser, nina duka la vitambaa Mji wa Kale. Sasa niambie, binti, ni nani aliyekupa ruhusa ya kumfanya marehemu babangu kichekesho?"

Nilitamani ardhi ipasuke.

"Babangu hakubeba ndoo hata siku moja," akasema. "Na lau angebeba, ingekuwa kazi ya halali kuliko kazi za wengi. Alikuwa bawabu. Lakini vyoo vilikuwa nyuma yake, na watu ni watu. Siku za mechi mama akinituma nimpelekee chakula. Nikitokeza tu huko ng'ambo ya barabara, lango zima lanigeukia na kunipigia kelele: Ndoo! Ndoo! Si watoto wenzangu, la. Watu wazima! Wachukuzi, wanawake waliojitanda mabuibui, wote! Mimi nikiacha chakula pale ukingoni mwa barabara, kwa mama mmoja aliyekuwa akiuza mabuyu, nikitimua mbio."

"Ami Awadh, nisamehe. Sikujua."

"Nilimwomba aache kazi. Hakuacha. Nikaona kazi ameipenda kuliko mimi. Sikuukanyaga uwanja huu mpaka leo, na mimi na yeye hatukuwahi tena kuzungumza kama baba na mwana mpaka nilipomzika." Akageuka akautazama ukuta. "Na juu ya hayo wakaichora! Jumamosi mwaufungua uwanja upya. Wajukuu zangu watakuja. Sitaki wasome tusi la babu yao mkubwa ukutani, na wewe usimame tini yake uwachekeshe watu."

Barnabas alikuwa amefika, na yeye ni mtu asiyependa ugomvi. Akakubali palepale. Fundi mpaka rangi atakuja Alhamisi, jina litafutwa, na lango litaitwa Lango D. Ami Awadh akashukuru, akaaga kwa adabu, akaondoka kwa barabara ya nje, bila kupita ndani.

Hapo hadithi ingekwisha, na mtu mwenye akili timamu angekwenda nyumbani kwake. Mimi nililala nikaamka na jambo moja limenikwama kooni. Wanawake waliojitanda mabuibui, na wachukuzi watu wazima, wanamtukana mtoto mdogo aliyebeba chakula cha babake? Wote, kila mechi? Hapa Mombasa? Watu hawa ambao hata wakikugombeza wanaanza kwa kukuuliza hali? Siyo. Watoto wangefanya, nakubali, watoto hawana dogo. Lakini watu wazima, hata! Kuna kitu hakikukaa sawa, na kitu kisipokaa sawa mimi huwashwa.

"Karisa," nikasema, "huyo mama wa mabuyu yu hai?"

"Bi Mejumaa? Yu hai sana. Yuko Tudor, kwa bintiye. Lakini dada, ujiandae, ana mdomo."

Bi Mejumaa nilimkuta ameketi kwenye mkeka sebuleni, ghorofa ya kwanza, feni inapiga, anachambua mchele kwenye sinia. Ni mdogo wa mwili, mkubwa wa sauti. Nikamwamkia, nikakaribishwa, nikapewa kahawa na kaimati kabla ya kuulizwa shida yangu. Kisha nikamwambia: "Nimekuja kukuuliza habari za Lango la Ndoo."

"Lango la nini?"

"La Ndoo."

"Silijui."

"Bi Mejumaa! Pale Kinuni, ulipokuwa ukiuza mabuyu."

"Ah! Lango la Ndoo! Sasa si useme hivyo?"

"Si ndivyo nilivyosema?"

"Wewe umesema ndoo. Mimi nasema ndoo."

Nikamtazama kama anayenitia kichaa. Hasira ikaanza kunipanda, maana kusahihishwa sikupendi, sembuse kusahihishwa neno lile lile kwa neno lile lile. Naye akaweka sinia chini, akanishika kidevu kwa vidole vyake vilivyojaa unga wa mchele.

"Nitazame mdomo. Ndoo ya kutilia maji, ulimi waupeleka juu, ufizini. Ndoo. Umeona? Sasa ndoo ya kumwita mtu, ulimi waugusisha meno. Ndoo! Nyinyi mwasema njoo. Sisi watu wa Mvita njia twaiita ndia, njaa twaiita ndaa, na mtu tukimwita twamwambia ndoo. Wewe hukupata kuitwa?"

Nilikuwa nimeitwa! Maisha yangu yote nimewasikia wazee wa Mji wa Kale wakiwaita watoto vichochoroni, ndoo hapa, ndoo ule. Nalijua neno hilo vizuri. Lakini ukutani palikuwa na mchoro, nami nilisoma kwa macho badala ya kusikia kwa masikio. Ukiyaandika, maneno mawili yanakuwa moja. Nikajipiga paji la uso.

"Kwa hivyo ni Lango la Njoo," nikasema. "Na aliyekuwa akiitwa ni nani?"

"Kwani wataka kujua kwa sababu gani?"

Nikamweleza. Nilipofika kwa Ami Awadh na mpaka rangi, Bi Mejumaa akaacha kutafuna kaimati.

"Awadh wa Nasser yuwataka kulifuta?"

"Kesho asubuhi. Asema ni tusi."

"Tusi!" Akafunga macho kidogo, na alipoyafungua yalikuwa na maji. "Yarabi. Kumbe alikuwa akikimbia kwa hilo? Sisi twadhani ni haya za utoto!" Nikajaribu kumchimba, nikamuuliza hivi na vile, akakataa katakata. "Hili si lako, mwanangu. Lina mwenyewe. Kesho uje unitukue."

Alhamisi nikamchukua kwa tuktuk. Njia nzima nilimchokonoa, naye akanijibu, "Mwanamke wewe, tumbo lako halikai na neno?" Dereva akacheka. Mimi sikucheka.

Tulifika tumechelewa kidogo. Mpaka rangi alikuwa juu ya ngazi, brashi mkononi, ameanzia kushoto. LANGO LA limekwisha kuzama kwenye rangi nyeupe. Limebaki neno la mwisho na ile ndoo yenye mkono. Ami Awadh hakuwa karibu na ngazi. Alikuwa amesimama ng'ambo ya barabara, pembeni ya ghala, anatazama kwa mbali kazi ikifanywa. Bila shaka ndipo aliposimama alipokuwa mtoto, na sidhani kama mwenyewe alikuwa na habari.

"Wewe mwenye brashi, shuka!" Bi Mejumaa akapaza sauti hata kabla tuktuk haijasimama. Yule kijana akashuka bila kuuliza. Nami nikamshika mkono bibi, tukavuka mpaka ghalani.

Ami Awadh alimtambua polepole. "Wewe ni yule mama wa mabuyu," akasema.

"Ndiye. Nawe ni yule aliyekuwa akiniwekea chakula kwenye sinia langu na kutoroka kama mwizi. Awadh, niambie, ulikuwa ukisikia tukisema nini?"

"Bi Mejumaa, maneno hayo yamepita."

"Nakuuliza. Tukisema nini?"

"Ndoo," akasema. Na hata mimi, nikiwa tayari nimefundishwa, niliusikia ulimi wake ukienda ufizini.

"Hatukusema hivyo hata siku moja," akasema Bi Mejumaa. "Sikiza, baba. Babako alikuwa hana sauti. Kabla hajawa bawabu alikuwa akifanya kazi ndani ya kinu, na vumbi la mbata lilimla koo. Wewe wakumbuka, alikuwa akinong'ona."

"Nakumbuka."

"Basi alikuwa akikuona. Umesimama papa hapa, umekumbatia chakula, huvuki. Na yeye lango hawezi kuliacha, watu wangejimiminia ndani bila tikiti. Akikupungia mkono, hutazami. Ndipo akatuomba sisi. Akasema, nipigieni ukelele, mwiteni mwanangu aje aone mpira. Tukaita! Mimi, wachukuzi, wanawake wa kinuni, kila aliyekuwa pale. Ndoo! Ndoo! Tukakuita mpaka makoo yakatuuma. Na wewe mbio."

Ami Awadh akageukia lango, naye Bi Mejumaa hakukoma.

"Kila mtezo wa mpira twakuita, kila mtezo wakimbia. Wageni wakawa wauliza, lango gani lile lenye watu waitao? Wakaambiwa, ndilo Lango la Ndoo. Jina likashika. Kisha akaja fundi wa bara kuandika malango, akaambiwa jina, akachora anachokijua yeye. Babako aliteka siku nzima. Aliteka, nyinyi mwasema alicheka, hata akashika mbavu."

Mimi mtu wa bara nikatazama viatu vyangu.

"Alikuwa na kigoda," Bi Mejumaa akaendelea, na sasa sauti yake kubwa ilikuwa imepungua. "Kwa ndani, nyuma ya mlango, upande wa kivuli. Kigoda hicho hakikaliwi na mtu. Akija mtu kukikalia, Nasser amwinua. Amwambia, pana mwenyewe, yuwaja."

"Mpaka lini?" Ami Awadh akauliza.

"Mpaka kinu kilipofungwa. Wewe ulikuwa umekwisha kuoa."

Magari yalipita, lori la mafuta likapiga honi, mimi nikawa nalia waziwazi na wala sikujificha. Ami Awadh hakulia. Alikuwa ameishika fimbo kwa mikono yote miwili, na safari hii alikuwa akiihitaji.

"Mbona hakuniambia?"

"Alidhani wamuonea haya. Ni uwongo?"

Nilidhani angekasirika. Akatikisa kichwa. "Si uwongo," akasema. "Nilikuwa nikimuonea haya. Hakuna aliyenitukana. Nilikuwa na haya zangu, nikazisikia kwa midomo ya watu."

Bi Mejumaa akamwambia, "Ulikuwa mtoto."

"Nilikuwa mtoto, kisha nikawa mtu mzima, na bado sikwenda." Akamwita yule mpaka rangi kwa mkono. "Kijana, hiyo ndoo yenye mkono ifute. Hilo neno liache, usiliguse. Umenifahamu?"

"Lakini mzee, si ulisema vyote viende? Likibaki peke yake halina maana."

"Lina maana."

Kijana akanitazama, nikamwonyesha ngazi. Akapanda. Nasi tukasimama pale tukitazama rangi nyeupe ikiumeza mkono wa ndoo, kisha tumbo lake, mpaka ukutani pakabaki herufi zile tu, zimeelekea barabarani, zimetuelekea sisi. Ami Awadh akazisoma. Niliiona midomo yake ikisogea, ulimi ukigusa meno, mara moja, mara ya pili, kama anayejifunza kusema.

Kisha akavuka barabara. Hakutazama kulia wala kushoto, ikabidi mimi niwasimamishie magari kwa mikono miwili, dereva mmoja akanitukana, nikamrudishia lake. Langoni Karisa alikuwa amesimama na funguo zake, sare imepigwa pasi, maana Barnabas alikuwa amemwonya kwamba hakuna kuingia mtu mpaka Jumamosi.

"Samahani, mzee," Karisa akasema, "leo haturuhusu watu ndani. Kwani una miadi na nani?"

"Nimeitwa," Ami Awadh akamjibu. "Nimechelewa tu."